Tupeane uzoefu: kwenye mlima mtakatifu, uliishia wapi?

Mwanzisha mada

Ndugu zangu, nawasalimu nyote kwa heshima. Naomba tupeane uzoefu, hasa sisi tuliojaaliwa kufika kwenye mojawapo ya milima inayotajwa katika vitabu vya Wayahudi, Wakristo na Waislamu. Sitauliza mliona nini kileleni, maana picha za vileleni zimejaa kila mahali. Ninachouliza ni hiki: uliishia wapi, na ni nini kilichokuambia uishie hapo?

Nianze na langu. Tulianza kupanda Jabal Musa, kule Sinai, saa nane usiku, tukiongozwa na Mbedui wa kabila la Jabaliya, watu ambao kwa mapokeo yao wenyewe ni uzao wa walinzi walioletwa na Kaisari Justinian alipoijenga monasteri ya Mtakatifu Katerina katika karne ya 6. Mlima una mita 2,285. Tulifuata Njia ya Ngamia, ambayo ni ndefu lakini haina mwinamo mkali, na giza lilikuwa nene kiasi kwamba nilichokiona ni visigino vya aliyenitangulia na duara dogo la mwanga wa tochi yake. Njia hiyo hukutana na Ngazi za Toba, zilizochongwa na watawa, karibu na kibonde kinachoitwa kwa jina la nabii Eliya, na kutoka hapo hubaki ngazi zipatazo 750 za mawe yasiyolingana. Hapo ndipo goti langu la kushoto lilipokataa. Kiongozi wetu alinimulika usoni, akanitandikia blanketi kando ya jiwe, akasema neno moja la Kiarabu ambalo hata mimi nililielewa: kaa. Wenzangu wakaendelea.

Nilikaa nikinung'unika kwa muda mrefu. Kisha nikaikumbuka sura ya 24 ya kitabu cha Kutoka, ambayo nilikuwa nimeisoma mara nyingi bila kuitilia maanani. Musa hakupanda peke yake siku ile. Alipanda pamoja na Haruni, Nadabu, Abihu na wazee 70, nao wakaambiwa wasujudu kwa mbali, kwa kuwa Musa peke yake ndiye angekaribia. Wazee wale hawakufika juu. Hata hivyo andiko linasema walimwona Mungu wa Israeli, wakala na kunywa. Jua lilinikuta pale chini, likianza kuipaka rangi miamba iliyo juu yangu kabla ya kunifikia mimi, nami nikala tende zangu. Sisemi niliona walichokiona wazee wale. Nasema tu kwamba tangu siku hiyo sisomi habari za milima bila kutafuta mpaka umewekwa wapi.

Hujaji

Asalaam aleikum, mwanzisha mada, na ahsante kwa swali hili, kwa sababu mimi nilijifunza jibu lake kwa kukosea.

Siku ya tarehe 9 Dhulhija, kwenye uwanda wa Arafa nje ya Makka ambako mahujaji husimama kuomba dua, nilikuwa nimekwishadhamiria kwamba lazima nipande kilima cha Jabal Rahma, na kwamba dua yangu haitakuwa na uzito kama sikuifikisha kwenye ule mnara mweupe uliopo juu. Kilima chenyewe si kirefu, kinapata mita 70 hivi juu ya uwanda, lakini kwa umati ule na jua lile nilitumia zaidi ya saa mbili kupanda. Nilipoteza kandambili moja. Nilikanyagwa, nami, Mwenyezi Mungu anisamehe, nilikanyaga. Nilipofika kwenye mnara nilikuta watu wakiandika majina yao kwa kalamu nene, mmoja ameegemeza mkono wake juu ya bega la mwenzake ili afike juu zaidi. Nilitaka kuomba, nikakuta moyo wangu hauna kitu ila kiu.

Nilishuka nikaingia hemani. Mzee mmoja wa kundi letu, ambaye miguu yake ilikuwa imevimba na hakuwa ametoka nje tangu adhuhuri, alikuwa amekaa kwenye mkeka akielekea kibla, mikono imeinuliwa, na machozi yakimdondokea kwenye ihramu bila yeye kuyafuta. Niliona haya. Baadaye mutawifu, yaani kiongozi wetu wa hija, alitueleza jambo ambalo nilipaswa kulijua kabla ya safari: Mtume, rehema na amani zimshukie, alisimama chini ya kilima penye miamba, akiwa juu ya ngamia wake, akafundisha kwamba yeye amesimama hapo, na Arafa yote ni mahali pa kusimama. Kupanda kilima hakukuwekwa kuwa ibada ya pekee.

Kinachoshurutishwa ni mpaka. Arafa imezungushiwa mabango makubwa ya kuonyesha inapoanzia na inapoishia, na anayekaa nje ya mabango hayo wakati wote wa kisimamo chake hana hija, hata awe na uchaji wa namna gani. Sehemu ya mbele ya Msikiti wa Namira wenyewe iko nje ya mpaka, ndiyo maana wanaosali hapo hukumbushwa kusogea ndani baada ya sala. Kwa hiyo mzee yule, aliyekuwa ndani ya mpaka kwenye mkeka wake, alikuwa amefika kikamilifu kama aliyekuwa ameukumbatia mnara.

Mwanafunzi wa Kiebrania

Naomba niongezee kuhusu Sinai, kwa sababu simulizi ya mwanzisha mada ina upande wa pili ambao mimi niliupata darasani.

Nilisoma Kiebrania Jerusalem kwa mwaka mmoja, na siku moja nilimuuliza mwenzangu wa dawati, Myahudi mshika dini, kama amewahi kwenda kuhiji Sinai. Alinitazama kana kwamba nimeuliza kama amewahi kuhiji kituo cha basi. Kisha akanifungulia Kutoka 19. Mungu anaamuru watu wawekewe mipaka kuuzunguka mlima, na atakayeugusa afe. Lakini katika mstari wa 13 inasemwa kwamba pembe itakapolia kwa sauti ndefu, watu wataruhusiwa kupanda. Walimu wa Talmudi walilisoma hilo kwa makini: mahali hapampi mtu heshima, bali mtu ndiye anayepapa mahali heshima. Maadamu Uwepo wa Mungu ulikuwa juu ya Sinai, hata kondoo na ng'ombe hawakuruhusiwa kulisha mbele yake. Uwepo ulipoondoka, mlima ukarudi kuwa mlima. Ndiyo maana Wayahudi huadhimisha kupewa Torati kwenye sikukuu ya Shavuot, wakikesha na kitabu popote walipo, bila kufunga safari ya kwenda jangwani.

Nikadhani nimeelewa: basi kwao hakuna mlima. Wiki iliyofuata nilimwomba anisindikize kwenye mlima wa Hekalu, ule unaotambuliwa kuwa Moria wa Ibrahimu, ambapo leo kuna Msikiti wa Al-Aqsa na Kubba la Mwamba lililokamilishwa mwishoni mwa karne ya 7. Alinifikisha hadi mwanzo wa lile daraja la mbao linalopandisha kwenye lango la wageni, akasimama. Pale pana bango la marabi wakuu linalosema kwamba kwa sheria ya Torati ni marufuku kuingia eneo hilo kwa sababu ya utakatifu wake. Alinieleza, akiwa amejiegemeza kwenye nguzo, kwamba Rambam, mwanasheria mkubwa wa karne ya 12, alifundisha kuwa utakatifu wa mahali pale haukuondoka na kubomolewa kwa Hekalu, kwa kuwa Uwepo wenyewe haubomolewi. Na kwa kuwa hakuna tena majivu ya ng'ombe mwekundu ya kumtakasa mtu, yeye hana ruhusa ya kukanyaga ambapo huenda palikuwa Patakatifu pa Patakatifu.

Niseme kwa haki kwamba si Wayahudi wote wanaokubaliana naye; wapo wanaopanda, na jambo hilo lina ugomvi wake mzito ambao si wa mada hii. Lakini mimi nilizunguka kule juu kwa muda wa saa moja hivi, mtu nisiye na agano lolote na mahali pale, nikijua kwamba aliye chini ananisubiri kwa sababu anapapenda kuliko mimi.

Mgeni wa Gerizimu

Wakuu, nawasoma kwa heshima, ila naona mnaelekea kusema kwamba mlima wenyewe si kitu. Sikubaliani.

Nendeni Gerizimu, juu ya Nablus, jioni ya Pasaka ya Wasamaria. Ni jamii ndogo, hawafiki 1,000, nao wana Torati yao ambayo amri ya mwisho katika zile kumi inawaelekeza kwenye mlima huo huo na si mwingine. Mimi nilisimama nje ya uzio pamoja na wageni wengine. Wanaume na wavulana walikuwa wamevaa nguo nyeupe, kondoo wamepangwa kando ya mfereji, na moto umekwishawashwa mashimoni. Jua lilipozama tu, visu vikashuka kwa pamoja na wote wakapaza sauti. Dakika chache baadaye mtoto mmoja alipita karibu na uzio na doa la damu katikati ya paji la uso, akicheka. Waambieni hao kwamba mlima ni mfano.

Yule mwanamke Msamaria katika Injili ya Yohana sura ya 4 alimwambia Yesu kwamba baba zao waliabudu katika mlima huu, naye akajibiwa kwamba saa inakuja ambayo hawatamwabudu Baba katika mlima huo wala Yerusalemu. Sisi Wakristo tunauharakia upande wa jibu. Mimi, tangu nisimame kwenye uzio ule, nimeanza kuusikia upande wa aliyeuliza.

Katekista

Tumsifu Yesu Kristo. Mgeni wa Gerizimu ana hoja, lakini naomba aufikirie Tabori.

Injili haziutaji kwa jina mlima ambao Yesu aligeuka sura mbele ya Petro, Yakobo na Yohane; mapokeo ndiyo yaliyouchagua Tabori, na kuna wanaodhani ulikuwa Hermoni ambao ni mrefu zaidi. Petro alitaka kujenga vibanda vitatu, kimoja cha Yesu, kimoja cha Musa na kimoja cha Eliya, na Luka anaongeza kwa ukali kwamba hakujua asemalo. Hakujibiwa. Wingu likawafunika, kisha wakashuka, na chini wakakutana moja kwa moja na baba mwenye mtoto mgonjwa.

Nilipofika huko na kundi la parokia nilicheka peke yangu, nikatazamwa vibaya. Basilika lililopo kileleni, lililokamilika mwaka 1924, lina minara miwili mbele, na ndani ya minara hiyo mna kikanisa cha Musa upande mmoja na cha Eliya upande mwingine, na katikati ndipo altare ya Bwana. Petro alichelewa karne 19 tu, lakini vibanda vyake vitatu alivipata! Tulisali Misa nzuri sana humo, nami sina ugomvi na msanifu. Ila padre wetu alipomaliza alitazama saa, akasema basi linaondoka, na hiyo ikawa ndiyo sauti iliyotutoa winguni.

Ustadhi

Nitakuwa mfupi. Kuhusu alichosema ndugu wa Gerizimu, mlima unaweza kupendwa bila kuabudiwa. Mtume alisema kuhusu Uhud, mlima ulio karibu na Madina, kwamba ni mlima unaotupenda nasi tunaupenda. Ni huo huo ambao mwaka wa 3 Hijria, katika vita na Makuraishi wa Makka, wapiga mishale 50 waliwekwa juu ya kilima kidogo kilichoukabili na kuamriwa wasiondoke hata wakiwaona ndege wakiwanyakua wenzao. Wengi wao walipoona ngawira waliondoka, na mashahidi takriban 70 wakalala pale, Hamza, ami yake Mtume, akiwa mmoja wao. Nilikipanda kilima kile kwa dakika chache tu. Ukisimama juu unayaona makaburi yakiwa karibu mno, na unaelewa kwamba umbali kati ya mahali ulipoamriwa na mahali ulipopataka ni mfupi sana.

Mama wa Hira

Nimekuwa nikisoma bila kuchangia. Mimi nilipanda Jabal Nur, mlima wa Makka wenye pango la Hira ambamo Mtume alipokea wahyi wa kwanza, nikiwa na umri wa miaka 54, siku mbili baada ya kumaliza umra. Chini yapo mabango yanayokumbusha kwamba Mtume hakuwaamuru watu kupanda, nami niliyasoma yote, kwa hiyo sikupanda kama ibada. Nilipanda kwa ajili ya Bi Khadija. Hadithi inaeleza kwamba mumewe alikuwa akijitenga pangoni masiku kadhaa, kisha hurudi kwake kuchukua masurufu mengine. Nilitaka magoti yangu yajue njia ambayo chakula cha mama yule kilipita.

Ngazi ni zaidi ya 1,000 na hazina huruma. Ukifika juu hujafika bado; unateremka kidogo upande wa pili na kupenya kati ya miamba hadi kwenye pango, ambalo halifiki urefu wa mita 4 na upana wake ni wa mtu au wawili waliobanana.

Mwanzisha mada

Shikamoo mama. Uliingia?

Mama wa Hira

Marahaba mwanangu. Sikuingia. Mlikuwa na msichana anayesali, na nyuma yangu foleni imejaa hadi kwenye miamba. Niliuweka mkono wangu kwenye jiwe la mlangoni, nikasoma aya tano za mwanzo za Sura ya Alaq, nikageuka. Mtume alipozipokea mwenyewe hakubaki pale. Alishuka moyo wake ukitetemeka, akamwambia mkewe, nifunikeni, nifunikeni.

Mume wangu hakuwa amepanda, kwa sababu ya presha. Nilimkuta amekaa kwenye ngazi ya kwanza, shuka lake la juu la ihramu, lililokwisha kufuliwa, likiwa limekunjwa mapajani. Jasho lilikuwa limeanza kunipoa mgongoni. Alilikunjua, akanifunika nalo mabegani, wala hakuuliza nilifika wapi.