Mgongo wa bwana wangu umechoka na chukudu, lakini hataki mtu ajue

Mama Furaha (Majengo, Goma)
Wandugu, nisaidieni mawazo. Papa Furaha anashusha viazi na makabichi kwa chukudu, lile gari letu la mbao la magurudumu mawili lisilo na injini, kutoka Kibumba hadi soko la Virunga. Aliingia kazi hiyo baada ya volkano ya 22 Mei 2021 kumeza nyumba yetu kule Buhene. Siku ile hakutoa chozi, na majirani wakamsifu: "Huyo ndiye mwanaume." Naona sifa ile ndiyo iliyomfunga. Sasa usiku anashika ukuta ndipo ainuke. Watoto wakitokea, anasimama wima na kucheka nao. Nikitaja hospitali ananijibu: "Unataka wenzangu waseme nimekwisha?" Sitaki kumvunjia heshima. Nianzie wapi?

Papa Amani
Mama Furaha, usimuaibishe bwana. Baba asipobeba mzigo, nani ataubeba? Mkande na maji ya moto, atapona.

Mzee wa Chukudu (Kanyaruchinya)
Hapana, Papa Amani. Mimi nimezeekea kwenye chukudu. Kushuka si shida, mzigo unajivuta wenyewe, wewe unakanyaga mpira wa breki tu. Mgongo unakufa kwenye kupakia na kupanda. Na kwenye mpando hakuna anayejifanya: unaita mwenzako, anasukuma nyuma, na hakuna wa kukucheka. Msaada tunapeana kila siku barabarani, halafu tukifika nyumbani tunauficha, kwa nini? Ile sanamu ya msukuma chukudu pale mzunguko wa Chukudu mjini haichoki. Sisi tunachoka. Mama, tafuta mwenzake wa njia ndiye amwambie. Kwake atalipokea neno.

Neema, muuguzi
Mama Furaha, mguu unakufa ganzi? Unalegea? Anashindwa kuzuia mkojo? Kimoja tu kati ya hivyo kikiwepo, maji ya moto hayatoshi, apelekwe siku hiyohiyo. Na usizungumze naye mbele ya watoto.

Mama Furaha
Asanteni. Ganzi ipo, mguu wa kushoto. Alinitajia mara moja, akageuza maneno haraka. Papa Amani, mzigo hata mimi naubeba: sambaza ninazouza, wale samaki wadogo wa ziwa, ndizo zinazolipa masomo ya Furaha, na hilo halimpunguzii baba yake kitu. Mzee, rafiki yake wa Kibumba nitampigia simu kesho kabla hawajapakia. Neema, usiku wanapokea? Najua atakubali tu giza likiingia, asionekane.

Neema, muuguzi
Dharura hupokelewa usiku pia. Ila rafiki huyo mpigie sasa hivi, mama, usingoje kesho. Kesho asipakie.