Nalala lakini naamka nimechoka vilevile. Naombeni ushauri, hasa mliowahi kufanya kazi za usiku

Nuru_Tukuyu

Habari zenu humu. Mimi ni muuguzi wa wodi ya wazazi katika hospitali moja binafsi huku Rungwe. Nimeandika kirefu, naombeni mnivumilie.

Wenzetu wawili waliondoka na nafasi zao hazijazibwa. Tuliobaki tunapangiwa zamu za usiku karibu mfululizo. Kuna usiku wajawazito wanne wako kwenye uchungu, na wodini mpo wewe na mhudumu mmoja tu. Kazi yenyewe naipenda, sijawahi kuijutia. Zamani mtoto akitoa ile sauti ya kwanza, hata kama ni saa tisa usiku na baridi ya Julai inaingia mpaka kwenye mifupa, nilikuwa napata nguvu upya. Nilikuwa namsemesha huku nampima uzito. Siku hizi nafunga kitovu, napima, naandika, naenda kitanda kingine. Wiki iliyopita bibi mmoja alinishika mikono yote miwili akaniambia "ndaga fijo, mwanangu", yaani asante sana. Ndani yangu hapakuwa na kitu, si furaha wala huruma. Nikatoa mikono, nikaenda kujaza partografu (chati ya kufuatilia uchungu) ya mama mwingine. Hilo limenitisha kuliko huo uchovu wenyewe.

Siku za mapumziko nalala mpaka saa saba mchana na bado naamka kichwa kizito. Watoto nawafokea kwa kikombe tu kilichoachwa mezani. Kundi la WhatsApp la wodi likilia, moyo unanienda mbio hata kama ujumbe haunihusu.

Mume wangu anasema ni hii mvua na baridi ya huku, twende kwa kaka yake Dar tukaote jua. Mama mkwe anasema nimepungukiwa damu. Rafiki yangu anasema niache kazi. Kuacha sitaki. Nataka kujua huu ni uchovu gani usioondoka kwa usingizi, na nyie mliopita hapo mlipumzika vipi mpaka mkarudi kuwa nyie.

Parachichi_Njombe

Pole sana dada. Mke wangu ni mwalimu, yalimkuta mwaka aliokuwa na darasa la mtihani, masomo ya ziada mpaka Jumamosi. Mama mkwe wako usimpuuze. Sisi tulipopima tukakuta damu imepungua kweli, ikatibiwa, na hapo ndipo tukaona kilichobaki ni uchovu wa kazi. Anza na maabara.

Bibi_Muuguzi_Kyela

Ugonile mwanangu. Nimestaafu, lakini wodi ya wazazi ndiyo ujana wangu wote, kwa hiyo ulichoandika nakifahamu.

Ndugu wa Njombe kasema vizuri. Pima damu, pima sukari, mwambie daktari aangalie na tezi ya shingo, kwa sababu vyote hivyo vinachosha mtu namna hiyo hiyo. Na daktari akikuuliza habari za moyo wako, usimjibu "niko salama" kama tunavyozoea kujibu wauguzi. Jiulize hivi: ukiwa mbali na kazi, kuna kitu bado kinakupa raha? Chakula, watoto, kwaya? Kama raha imeondoka kila mahali, au yanakujia mawazo ya kutaka kufa, hiyo inaweza kuwa sonona. Usiisubirie likizo, nenda leo hii ukaonwe.

Sasa mapumziko. Wanawake wengi tunakosea hapa na hakuna anayetwambia. Siku ya kutokwenda kazini tunaifanya siku ya kufua, kusuka watoto, kwenda sokoni kutafuta ndizi, na kumtembelea mgonjwa wa ukoo. Jioni unashangaa umechoka kuliko ulivyotoka zamu. Likizo nayo unaipeleka ukweni wakati wa mavuno ya mpunga. Mwanangu, hapo umebadilisha mwajiri tu. Kaa na mume wako mkiwa mmetulia, umwambie kwa majina: chai ya watoto asubuhi ni ya nani, nani anawapokea kutoka shule, nani anapika siku ulizotoka usiku. Ukimwambia "nisaidie" hataelewa uzito wake. Ukimwambia "Jumanne na Jumatano asubuhi watoto ni wako", ataelewa.

Usingizi wa mchana una adabu yake. Chai nzito au kahawa ikomee nusu ya kwanza ya zamu, maana saa nyingi baadaye bado imo mwilini. Ukifika nyumbani kula kidogo, oga, usianze vyombo. Dirisha lizibe kwa kitenge kizito mpaka chumba kiwe giza, simu iache sebuleni. Kundi la wodi lizimie sauti. Wakikuhitaji kweli watapiga.

Mimi iliponizidia nilikwenda Matema, kando ya Ziwa Nyasa, kwa dada yangu. Siku za mwanzo sikufanya la maana, nilikuwa nalala na kununa, hata shemeji akawa ananiogopa. Baadaye njaa ikarudi, njaa ya kweli ya kutamani mbalaga, chakula chetu cha ndizi. Nikaanza kutembea asubuhi pembezoni mwa ziwa, si kwa mazoezi, kutembea tu. Asubuhi moja nikasimama penye wanawake wanaoanika usipa, dagaa wa ziwani, mchangani. Walikuwa wanautandaza kwa viganja, wanautoa uliovunjika, wanabishana bei. Nikajikuta namuuliza mmoja anauza wapi, na watoto wake wangapi, na yule mdogo mbona anakohoa. Nilikuwa nimekaa muda mrefu sana bila kutaka kujua habari za mtu yeyote. Dada alipoona nimekaa chini nakagua kifua cha yule mtoto, akasema leo umefika.

Kwa hiyo huko kukauka unakokuogopa, usikuchukulie kuwa umekuwa mtu mbaya. Kunarudi nyuma. Ila kunahitaji muda, na siku za mwanzo hutaona tofauti, usizikatie tamaa.

Utumishi_Iringa

Kamwene dada Nuru. Mimi ni afisa utumishi, nichangie upande wangu.

Shirika la Afya Duniani, katika orodha yake ya magonjwa iliyoanza kutumika mwaka 2022, limeitaja hali hii, kwa Kiingereza burnout, kuwa inatokana na msongo wa kazi usiodhibitiwa, na halikuiita ugonjwa. Dalili zake ni tatu: kuishiwa nguvu, kujitenga na kazi yako au kuichukia, na kuona hufanyi vizuri kama zamani. Mbili za kwanza umezieleza mwenyewe. Chanzo kikiwa kazini, likizo peke yake haitoshi. Ukienda hata mwezi mzima kisha ukarudi kwenye ratiba ileile, utaandika uzi huu tena.

Uko sekta binafsi, basi Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakuhusu moja kwa moja. Likizo ya mwaka ni siku 28 zenye malipo. Kati ya kumaliza kazi na kuanza tena unatakiwa upate mapumziko ya saa 12 mfululizo, na kila wiki saa 24. Daktari akikuandikia cheti, likizo ya ugonjwa ni hadi siku 126 katika mzunguko wa miezi 36: siku 63 kwa mshahara kamili na 63 kwa nusu. Wengi wanazijua siku 28, hizi nyingine hawaziulizi kabisa.

Barua yako kwa matroni isizungumzie hisia tu. Ambatanisha ratiba ya miezi iliyopita, weka alama kwenye usiku uliofuatana na siku za mapumziko ulizoitwa. Hiyo ni vigumu kuipinga.

Nuru_Tukuyu

Ndaga fijo nyote. Bibi, nimesoma maneno yako nikalia, na kulia nako sijalia siku nyingi. Kwaya bado naipenda, kwa hiyo hapo nimepata ahueni. Vipimo nitafanya Alhamisi.

Hofu yangu ni moja. Mimi nikiondoka, mzigo unaangukia wenzangu wawili ambao nao wamechoka kama mimi. Matroni ni mtu mwema, lakini najua atauliza nani atabaki na kina mama.

Bibi_Muuguzi_Kyela

Swali hilo usilibebe peke yako, la kuajiri ni la uongozi. Ila usiende kwa matroni mikono mitupu. Kaeni ninyi watatu, mpange likizo zenu kwa zamu mtu mmoja mmoja, na muombe muuguzi wa muda au wa kuazimwa wodi nyingine kwa kipindi hicho. Nendeni pamoja na hiyo karatasi, mkaiwasilishe kwa sauti moja. Matroni naye anahitaji kitu cha kupeleka juu. Na wewe uwe wa kwanza kwenye orodha, wenzako waambie ulichotuambia hapa.

Nuru_Tukuyu

Sawa Bibi. Leo natoka asubuhi, nimewaomba tubaki nusu saa baada ya makabidhiano. Ratiba nimeshaipiga picha.