Mafundi, acheni kupiga ramli kwenye mfumo wa chaji! Nimeuziwa betri na nusura alternata nzima, kumbe ni regulata

Wakuu, nina hasira na sitaificha. Gari langu lilikuwa na regulata mbovu, yaani kidhibiti volti cha alternata, ile mashine inayozungushwa na injini kuchaji betri. Ni kifaa kinachoenea kiganjani, kimefungwa kwa skrubu mbili nyuma ya alternata. Kwa ajili ya kifaa hicho nimeuziwa betri mpya ambayo sikuihitaji, betri hiyo ikachemka mpaka ikafa, balbu za mbele zikaungua, halafu nikaambiwa ninunue alternata nzima. Muda wote huo hakuna fundi aliyeshika mita ya kupimia volti. Hakuna! Sitaji gereji, maana ukiuliza waliokuzunguka utakuta kila mwenye gari ana kisa kama changu.

Dalili zilikuwa wazi kabisa. Nikipiga resi taa za mbele zinang'aa kupita kiasi, nikiachia zinarudi. Taa ya betri kwenye dashibodi inawaka, inazima, inawaka tena. Nikifungua boneti baada ya safari ndefu nakutana na harufu ya yai viza, na juu ya betri kuna unyevu, terminali zimeota unga. Fundi akainama, akatazama, akatikisa waya mmoja, akatoa hukumu: "Betri imekwisha hiyo bosi, haitunzi chaji." Nikamuuliza amejuaje. Akasema kazi hii ameifanya miaka mingi.

Sasa fundi wa miaka mingi, hiyo harufu ya yai viza ulidhani inatoka wapi? Ni haidrojeni salfaidi. Betri ya asidi ikisukumiwa chaji kupita kiasi inapata joto, maji yake yanachemka na kugawanyika kuwa gesi, na hapo ndipo harufu hiyo inapokuja. Taa kung'aa kupita kiasi ni ushahidi mwingine wa jambo lilelile. Balbu ya nyuzi ikipewa volti zilizozidi kwa asilimia 5 tu, uhai wake unapungua karibu nusu. Gari lilikuwa linapiga kelele kwamba chaji IMEZIDI, na wewe ukaniuzia betri mpya ili nayo ikachemshwe. Na ikachemshwa kweli.

Niseme regulata inafanya nini, kwa sababu nimegundua wengi wanaotutengenezea magari hawajui, na sisi tunaolipa tukijua hatutadanganywa kirahisi. Ndani ya alternata kuna rota, ambayo ni sumaku ya umeme: koili ya waya inayozungushwa na mkanda wa injini. Koili hiyo inapata umeme kupitia kaboni mbili zinazogusa pete mbili za shaba. Ukiipa umeme mwingi sumaku inakuwa kali na alternata inazalisha zaidi, ukiipa kidogo inazalisha kidogo. Regulata kazi yake ni kutazama volti za gari na kukata au kuruhusu umeme wa koili hiyo, mara nyingi mno kwa sekunde, ili volti zibaki pale zinapotakiwa. Umeme unaozalishwa kwenye stata, yaani koili zisizozunguka zilizoizunguka rota, unapitia daiodi (vipitisha umeme upande mmoja tu), kwa kawaida 6 au zaidi, ndipo unafaa kuingia kwenye betri. Basi. Regulata ikikwama upande wa kuruhusu, volti zinapanda bila breki. Ikikwama upande wa kukata, alternata inazunguka bure na betri inaisha barabarani. Kifaa kimoja kinaweza kuharibika kwa namna mbili zenye dalili zinazopingana, na ndiyo maana huwezi kukijua kwa kukitazama kwa macho.

Kipimo chenyewe kinahitaji mita ya kawaida kabisa, ile ya bei ya chini kuliko zote. Gari likiwa limezimwa na limepumzika saa kadhaa, betri nzima iliyojaa inasoma karibu volti 12.6. Ikisoma 12.2 imebaki kama nusu. Chini ya 12 imekwisha chaji, na kuisha chaji si kufa: ichaji kwanza ndipo uihukumu. Washa injini. Nguzo zilezile za betri sasa zisome kati ya 13.8 na 14.5 kwa magari mengi. Washa taa kubwa, feni na kipasha joto cha kioo cha nyuma, peleka injini kwenye mizunguko kama 2000 kwa dakika, soma tena. Ikiganda kwenye 12 na kitu na inazidi kushuka, hakuna chaji. Ikipita 15 na inaendelea kupanda ukipiga resi, chaji imezidi. Langu lilisoma 15.9! Nilikuja kuonyeshwa namba hiyo na kijana mmoja fundi umeme, mtulivu, aliyechomoa mita mfukoni kabla hata hajaniuliza gari lina tatizo gani. Kazi ya dakika mbili. Wale wenye gereji kubwa na mabango iliwashinda.

Hata hivyo kijana hakurukia kusema regulata. Hilo ndilo lililonifanya nimheshimu. Alianza na waya. Alternata nyingi zina plagi ndogo yenye waya kadhaa, na kwenye magari mengi ya Kijapani utakuta herufi L, IG na S. Huo wa L ni wa taa ya dashibodi, IG unaleta umeme wa swichi, na S ndio regulata inautumia kuonja volti za betri yenyewe. Waya wa S ukiwa na kutu au ukikatika, regulata nzima kabisa inaweza kudanganyika ikadhani betri iko chini, ikasukuma chaji zaidi. Kwenye Toyota nyingi waya huo una fyuzi yake imeandikwa ALT-S. Fyuzi! Fikiria mtu anauziwa alternata kwa sababu ya fyuzi. Akapima volti kwenye S zikawa sawa na za betri. Akapima kutoka bodi ya alternata hadi nguzo hasi ya betri injini ikiwa inawaka na taa zote zimewashwa, mita ikasoma chini ya 0.2. Kutoka nguzo nene ya alternata hadi nguzo chanya ya betri nako ilikuwa chini ya 0.3. Waya ni wazima, ethi (njia ya umeme kurudi betri kupitia bodi) ni nzima. Akahamisha mita kwenye volti za AC (umeme wa kubadilika mwelekeo) akaiweka kwenye betri, ikawa chini sana ya 0.5, maana yake daiodi hazivujishi. Kilichobaki ni regulata. Hiyo ndiyo kazi ya fundi: unaondoa kimoja kimoja mpaka mwizi anabaki peke yake.

Na kwa wale ambao chaji haipo kabisa, msikimbilie regulata kabla ya kuangalia mkanda umelegea au la, na taa ya betri inawaka mkifungua swichi kabla ya kuwasha injini au haiwaki. Kwenye alternata nyingi za zamani umeme wa kuamsha rota unapitia kwenye balbu ya taa hiyo. Balbu ikiungua, alternata inalala mpaka upige resi kubwa ndipo inaamka, na watu wanabadilishiwa alternata kwa balbu ya dashibodi.

Sasa nije kwenye lililonichoma kuliko yote. Gereji ya pili niliyopeleka, kabla sijakutana na huyo kijana, "kipimo" chao kilikuwa kuchomoa terminali ya betri injini ikiwa inawaka! Injini isipozimika wanasema alternata haina tatizo, ikizimika wanasema imekufa. Nilipiga kelele waache, tayari mmoja alishalegeza nati na kuivuta. Wakuu, betri ndiyo inayomeza mawimbi ya umeme kwenye gari. Ukiitoa ghafla wakati alternata inachaji, volti zinaruka kwa kufumba na kufumbua zikafika makumi kadhaa, na kwenye mfumo usio na kinga zinaweza kukaribia 100. Daiodi zinaungua, regulata inaungua, na kompyuta ya injini inaweza kwenda nazo. Gari langu regulata yake ilikuwa tayari imekwama kwenye kuruhusu, volti ziko juu, betri inatoa gesi ya haidrojeni inayolipuka kwa cheche moja, na huyu bwana anachomoa terminali cheche zinaruka juu ya betri! Angeweza kupofuka, au mimi niliyesimama pale ningepofuka. Na baada ya hapo akasema kwa ujasiri kabisa, "Alternata imekufa, leta nzima, hii tutaichukua sisi."

Mnachukua mpeleke wapi? Si mnaenda kuibadilisha regulata na kumuuzia mwingine kama nzima! Mteja ananyimwa hata spea yake ya zamani, na hajui kwamba ndani yake rota, stata na beringi vyote viko salama.

Kuhusu kubadilisha, nilisimama pale nikatazama mwanzo mwisho, naandika ili mtu asitishwe kwamba ni kazi ya kushusha injini. Kwanza kabisa unatoa terminali hasi ya betri, injini ikiwa imezimwa. Hii si hiari, maana ule waya mnene wa alternata una umeme wa betri muda wote hata funguo ikiwa mfukoni, na spana ikigusa bodi utaona moto. Kwenye magari mengine unaifikia regulata bila kushusha alternata, langu ilibidi kulegeza mkanda na kuishusha. Kifuniko cha nyuma kina nati chache. Chini yake regulata imeonekana, na kwenye alternata yangu imeungana na nyumba ya kaboni kuwa kipande kimoja. Kaboni zilikuwa fupi pia. Alternata nyingi za Bosch kaboni ikifika milimita 5 ndio mwisho, za makampuni mengine zina kiwango chao, kwa hiyo soma kitabu cha gari lako.

Kabla ya kufunga mpya akafanya mambo ambayo wengi wanayaruka. Alikagua pete za shaba kama zimechimbika, akazisafisha kwa msasa laini mno. Akapima omu (ukinzani wa waya) kati ya pete na pete, ikasoma kati ya 2 na 4, sawa na rota nyingi nzima. Akapima kati ya pete na mhimili wa rota, mita ikaonyesha hakuna njia kabisa. Ingeonyesha njia, koili ingekuwa inavuja kwenye bodi na regulata mpya ingeungua palepale. Pete zikiwa zimekwisha, stata imeungua au beringi zinalia, hapo mtu akiniambia nunua nzima nitamwelewa. Lakini anionyeshe!

Wakati wa kurudisha, kaboni zina springi, zinasukuma nje. Nyumba nyingi zina tundu dogo la kupitishia waya mwembamba wa kuzizuia ndani mpaka ukae sawa juu ya pete, kisha unavuta waya. Ukilazimisha unazivunja. Na regulata lazima iwe ya alternata ile. Kufanana kwa plagi hakutoshi, maana ziko zinazokata umeme wa rota upande wa ethi na ziko zinazokata upande wa chanya, na ukikosea haitachaji au itachaji bila kikomo. Linganisheni namba iliyo kwenye alternata, msikubali "hii inaingia tu".

Tahadhari moja kwa wenye magari mapya zaidi. Mengi yao kompyuta ya injini ndiyo inayoamuru volti, na inaweza kuzishusha hadi karibu 12.6 kwa makusudi wakati betri imejaa, kisha kuzipandisha ukiachia pedali ya mafuta. Mita ikisoma hivyo msishtuke na msiuziwe kitu. Washeni taa na vipasha joto kwanza muone kama inapanda, na kama gari lina hitilafu zilizohifadhiwa zisomwe kwa mashine. Na ule ujanja wa zamani wa kuipa rota umeme wa moja kwa moja kuona kama alternata inaamka usijaribiwe kabisa kwenye magari hayo.

Baada ya regulata mpya langu linasoma 14.2 taa zote zikiwa zimewashwa, halipandi nikipiga resi, na alternata ni ileile waliyoiita maiti. Nimerudi kwa aliyeniuzia betri. Jibu lake: dhamana haihusu betri iliyochajiwa kupita kiasi. Yaani sasa anajua kwamba ilichajiwa kupita kiasi! Alipokuwa ananiuzia hakujua, na hakutaka kujua. Nimemwandikia barua nikiambatanisha vipimo vyote alivyoandika yule kijana, namdai betri yangu.

Wakuu, mliowahi kudai fidia ya betri iliyouawa na fundi asiyepima, niambieni mlipitia njia gani mkalipwa. Na mafundi umeme mliopo, wekeni aina ya gari na volti mlizosoma zikiwa sawa, injini ikiwa sailensa (inawaka bila resi) na kwenye mizunguko 2000, ili mtu akipeleka gari gereji awe na namba mkononi.