Gumzo la ukoo, Kilifi: tipa na eskaveta ziko kituoni

Shangazi Rehema: Asalaam aleikum. Tipa la Bakari na ile eskaveta waliyoikodi zimezuiliwa kituoni tangu juzi. Wanadaiwa kuchimba udongo wa kifusi bila kibali. Dereva ametoka kwa dhamana ya polisi. Magari yanatolewaje?

Wakili Fatma: Waaleikum salaam shangazi. Nani aliyashika: polisi, NEMA (mamlaka ya mazingira) au askari wa kaunti? Na kosa wameliandika chini ya sheria ipi, ya madini ya 2016, ya mazingira ya 1999 au ya kaunti? Bila hayo hatujui ombi tulielekeze kwa nani. Nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi, ichukuliwe leo.

Shangazi Rehema: NEMA, wakiwa na polisi. OB tunayo. Mashtaka bado.

Ami Salim: Mwende na simu mkapige picha pande zote nne, bamba, nambari ya chasisi, mita ya kilomita, mita ya saa za eskaveta, matairi na spea, betri, meno ya ndoo. Kisha muombe orodha ya vilivyoshikwa, itiwe sahihi na afisa. Betri ikipotea baadaye, bila orodha hamna pa kushika.

Wakili Fatma: Kweli ami. Sasa sheria. Kifungu cha 121 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, sura ya 75, kinaruhusu kitu kilichofikishwa mahakamani kizuiliwe mpaka kesi au uchunguzi uishe, *kikitunzwa ipasavyo*. Hapo pa kutunzwa ndipo pa kusimamia: gari linalonyeshewa uani miezi halitunzwi. Dereva akishashtakiwa, kifungu cha 177 kinampa hakimu uwezo wa kumrudishia mali anayestahili. Kwa kuwa mashtaka bado, tunapeleka ombi dogo la jinai kwa hati ya dharura, likiwa na hati ya kiapo, na nakala kwa mwendesha mashtaka.

Bakari: Dereva anaweza kuapa hiyo hati ya kiapo? Mimi niko Lamu mpaka Jumatatu.

Wakili Fatma: Hapana. Aape mwenye gari. Maombi mengi huangukia hapo. Sheria ya trafiki, kifungu cha 8, humchukulia aliyeandikwa kwenye usajili kuwa ndiye mwenyewe mpaka ithibitishwe vingine. Logbuku, hati ya usajili wa gari, ina jina la nani?

Bakari: Langu na benki.

Wakili Fatma: Basi tunahitaji barua ya benki kwamba haipingi. Eskaveta ni ya mtu mwingine, kwa hiyo naye aape kiapo chake, aambatishe mkataba wa kukodisha. Kama ni ya kampuni, aongeze CR12 (hati ya msajili yenye majina ya wakurugenzi na wenye hisa) na azimio la wakurugenzi. Nyote: rekodi ya usajili wa gari kutoka NTSA (mamlaka ya usafiri), bima, kitambulisho, barua ya mwenye shamba, na kibali chochote mlichonacho. Kama kibali hakipo, msikitunge. Ombi hili ni la mali. Hatia itajadiliwa kwenye kesi yake.

Ami Salim: Mwendesha mashtaka atasema ni vielelezo.

Wakili Fatma: Atasema. Tutajibu kwamba vipigwe picha rasmi na cheti chake kitolewe, kifungu cha 78 cha sheria ya ushahidi. Shimo lipimwe, sampuli ya udongo ichukuliwe. Tena tutajitolea masharti wenyewe: logbuku ibaki kortini, gari lisiuzwe wala kubadilishwa rangi, liletwe likiitwa, na mdhamini awepo.

Juma Fundi: Udongo bado uko ndani ya tipa? Ombeni umwagwe mbele ya afisa, upigwe picha. Ukilowa unakula bodi na kukandamiza springi. Na eskaveta, angalieni kama fimbo za haidroliki zimeachwa nje. Hewa ya chumvi ya huku inazishika kutu, na ikishika, sili zinachanika siku ya kwanza ya kazi. Wazipake grisi. Betri izimwe.

Bakari: Kuna mtu kanipigia, anasema dereva akubali kosa apigwe faini, gari litoke siku hiyo hiyo.

Wakili Fatma: Bakari, usikubali! Kukiri kunafungua mlango wa gari kutaifishwa. Wewe na mwenye eskaveta mnaweza kujitetea chini ya kifungu cha 389A cha ile sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, pale ambapo sheria ya kosa haijaweka utaratibu wake: mahakama hutoa notisi kwa mwenye mali aeleze kwa nini isichukuliwe. Lakini hiyo ni vita ya pili. Na usimtumie huyo mtu hata shilingi.

Ami Salim: Amri ikitoka, msiende kituoni na maneno matupu. Subirini nakala yenye sahihi na muhuri, mumpelekee OCS, mkuu wa kituo cha polisi, na yenu igongwe muhuri wa kupokelewa. Kabla ya kuwasha, linganisheni na ile orodha.

Shangazi Rehema: Naenda benki kesho asubuhi.

Wakili Fatma: Na leo picha, shangazi, kabla ya magharibi. Mita ya saa isisahaulike.

Juma Fundi: Niko njiani na grisi.