Mjadala: Bunge la kaunti lipitishe bajeti ya pesa ambazo hazijawahi kukusanywa?

Naleta swali moja, na naomba tulijadili bila vyama. Je, ni halali kwa bunge la kaunti kupitisha bajeti inayotegemea mapato ya ndani ambayo kaunti hiyo haijawahi kuyafikia hata mwaka mmoja? Msimamo wangu ni kwamba si halali, na Msimamizi wa Bajeti, afisa wa kitaifa anayeidhinisha pesa za kaunti zitoke, apewe meno ya kuirudisha bajeti ya namna hiyo kabla mwaka wa fedha haujaanza.

Kila mwaka kelele zetu huishia kwenye mgao, yaani pesa ambazo serikali ya kitaifa huzitumia kaunti kutoka Nairobi. Kifungu cha 203 cha Katiba ya Kenya kinazipa kaunti zote 47 angalau asilimia 15 ya mapato ya serikali ya kitaifa, kwa kufuata hesabu za mwisho zilizokaguliwa na kuidhinishwa na Bunge la Taifa. Kiwango hicho tulikipita zamani. Shilingi bilioni 387.4 za mwaka wa 2024/25 zilikuwa karibu robo ya mapato yaliyotumiwa kupigia hesabu, ingawa mapato yenyewe yalikuwa ya 2020/21. Hilo la kutumia hesabu kuukuu lina mjadala wake, na siku moja tutaufungua.

Leo nataka tuangalie ukurasa wa mapato katika kitabu cha bajeti ya kaunti. Mgao unaamuliwa na Bunge na Seneti, kwa hiyo gavana hawezi kuuongeza kwa kalamu yake. Ruzuku zenye masharti nazo zinatoka nje. Mkopo hauwezekani bila dhamana ya serikali ya kitaifa na idhini ya bunge la kaunti, ndivyo kifungu cha 212 kinavyosema. Unabaki mstari mmoja tu ambao kaunti yenyewe inaweza kuuvuta itakavyo: mapato ya ndani, yaani kodi za ardhi, leseni za biashara, maegesho, sesi (ushuru wa mazao), ada za masoko. Matumizi yakizidi mapato, mstari huo ndio unaopandishwa hadi pande mbili zilingane, kisha tunaambiwa bajeti imesawazishwa.

Nimeuona kwa macho yangu katika kaunti ninayoishi, ambayo sitaitaja. Lengo la ada za maegesho lilipanda hadi karibu maradufu ya lile la mwaka uliotangulia. Mji ni uleule, barabara ni zilezile, hakuna hata eneo jipya la kuegesha magari lililofunguliwa. Kwenye kikao cha maoni ya umma mzee mmoja aliuliza ongezeko hilo litatoka wapi. Afisa akajibu kwamba ukusanyaji utaboreshwa kwa mfumo wa kidijitali, akafungua ukurasa unaofuata. Kitabu chenyewe tulikuwa tumegawiwa asubuhi hiyo.

Anayeumia ni nani? Mishahara hulipwa kwanza, na pesa zilizoandikwa bila kuwepo humwangukia aliye mwisho wa foleni. Namfahamu mama mmoja aliyejenga darasa la chekechea kwa zabuni ya kaunti. Alikopa kwenye sacco, akaweka hati ya shamba kuwa dhamana. Darasa lilikabidhiwa, watoto wanasoma ndani yake hadi leo, na yeye bado anaambiwa fungu lake halijapata pesa. Mradi wake ulikuwa umeidhinishwa kisheria, ukapigiwa kura, ukatiwa saini. Alikuwa na haki gani ya kushuku?

Mchangiaji, Lodwar

Ndugu, hoja yako inafaa kwa kaunti zenye maegesho ya kutoza. Kaunti yetu ya Turkana ilipata zaidi ya bilioni 12 katika mgao, miongoni mwa mafungu makubwa nchini, kwa sababu eneo ni kubwa na umaskini ni mwingi. Sehemu kubwa ya ardhi yetu ni ya jamii na haijasajiliwa. Kodi ya ardhi utamtoza nani, mfugaji anayehama na mbuzi wake? Sisi tunaishi kwa mgao. Kifungu cha 219 kinaagiza fungu la kaunti litumwe bila kuchelewa wala kukatwa, ila Hazina inajivutia miezi.

Kumbuka pia 2024. Tulikuwa tumeahidiwa bilioni 400.1. Tarehe 26 Juni Mswada wa Fedha, uliokuwa na kodi mpya, ukaondolewa baada ya maandamano ya vijana, kisha mgao wetu ukarudishwa mezani na kupunguzwa. Bunge na Seneti hawakukubaliana hadi wakapitia kamati ya upatanishi, na sheria ikatiwa saini Desemba, karibu nusu ya mwaka wa fedha ikiwa imeshakwenda. Kaunti zilishapitisha bajeti. Hapo nani alituandikia pesa zisizokuwepo?

Mleta mada

Ndugu wa Lodwar, la 2024 ni kweli tupu, na kuchelewesha mgao ni kuvunja Katiba. Silitetei. Lakini mgao uliochelewa mwishowe huingia kwenye Mfuko wa Mapato wa Kaunti, na mkandarasi anaweza kuusubiri. Mapato ya ndani yaliyotiwa chumvi hayana siku ya kufika. Mwaka wa 2022/23 kaunti zote kwa pamoja zilikuwa na lengo la zaidi ya bilioni 57, zikakusanya karibu bilioni 38. Bilioni 19 na ushei zilishagawiwa barabara, zahanati na visima. Hilo hatuwezi kumtupia mtu wa Hazina.

Aliyewahi kuwa diwani

Nilikaa kwenye kamati ya bajeti, kwa hiyo niwaeleze kinachotokea kule ndani. Mnasubiri makadirio ya Aprili ndipo mpige kelele, na wakati huo mlango umeshafungwa. Kanuni za fedha za kaunti za 2015 haziwaachii madiwani nafasi ya kusogeza fungu lolote kwa zaidi ya asilimia 1 ya kiwango kilichokubaliwa kwenye mwongozo wa mikakati ya fedha, hati inayotangulia bajeti na kuiwekea viwango. Mwongozo huo huletwa bungeni kufikia tarehe 28 Februari, na bunge lina siku 14 tu za kuujadili. Malengo ya mapato yamo humo. Ukishaupitisha, umeyakubali.

Na niseme ukweli kuhusu madiwani wenzangu. Lengo la mapato likishuka, miradi ya wadi inashuka nayo. Diwani atakayesimama kutaka mapato yapunguzwe ndiye atakayeulizwa nyumbani kwa nini barabara yao imeondolewa. Gavana naye anataka miradi mingi ya kuzindua. Kwa hiyo pande mbili zinazopaswa kukabana zinakubaliana bila hata kukaa kikao. Wananchi Februari hawaji. Wanakuja Mei, kumbi zinajaa, na mambo yameshaamuliwa.

Wakili, Mombasa

Shabaha ya mleta mada ni nzuri, ila dawa yake naikataa. Msimamizi wa Bajeti hakupigiwa kura na mtu. Kazi yake kikatiba ni kusimamia utekelezaji wa bajeti na kuidhinisha utoaji wa pesa kwenye mfuko, na kifungu cha 207 kinatosha kabisa: pesa hazitoki bila idhini yake. Ukimruhusu airudishe bajeti iliyopitishwa na wawakilishi wa watu, ugatuzi umeuweka chini ya afisa mmoja Nairobi. Kesho atarudisha bajeti kwa sababu nyingine.

Halafu tusisahau wadaiwa wakubwa. Taasisi za serikali ya kitaifa zina ardhi yenye thamani kubwa mijini, na kaunti zimelalamika kwa miaka kwamba hazilipwi chochote kwa ardhi hiyo. Nairobi yenyewe ilitoza kodi ya ardhi kwa daftari la uthamini, yaani orodha ya thamani za viwanja, la takriban miaka 40. Bei za viwanja zilipanda mara ngapi katika muda huo? Kuna mapato halali yaliyolala. Ukiweka kikomo kikali, kaunti itakosa sababu ya kuyafukua.

Mleta mada

Wakili, hoja ya ugatuzi ina uzito, kwa hiyo kikomo kiwe ndani ya Sheria ya Usimamizi wa Fedha za Umma ya 2012, mtu asiachiwe kuamua. Sheria hiyo tayari imeziwekea kaunti kanuni nyingine, kama ile ya asilimia 30 kwenda kwa maendeleo. Iongezwe kwamba lengo la mapato ya ndani lisizidi wastani wa makusanyo halisi ya miaka 3 iliyopita, ila pale ambapo kaunti inataja chanzo kipya kwa jina na kuonyesha sheria iliyokiruhusu. Daftari jipya la uthamini likikamilika, hicho ni chanzo cha kutaja. Na makusanyo yakipita lengo, bajeti ya ziada ipo, pesa zitatumika zikiwa mkononi. Hapo hakuna kinachozuia kaunti kujituma.

Mheshimiwa diwani, umenipa jambo ambalo wengi hatulifanyi. Kama vita ni vya Februari, basi makarani wa mabunge wachapishe ukurasa wa mapato siku ile mwongozo unapofika bungeni, ukiwa na safu tatu: lengo la mwaka jana, kilichokusanywa, lengo jipya. Ukurasa mmoja wa Kiswahili, ubandikwe kwenye ofisi za wadi.

Kuna jambo lingine linalofunika macho. Tangu sheria ya 2023 kuhusu ada za vituo vya afya, hospitali zinabaki na pesa zinazokusanya kwa matumizi yao wenyewe, lakini pesa hizo zinahesabiwa ndani ya mapato ya kaunti. Jumla ya 2023/24 ilipanda hadi karibu bilioni 59, na magavana wakasifiwa. Ningependa kuona hesabu hiyo pesa za wagonjwa zikiwa zimetolewa, maana hazijengi barabara wala kumlipa mkandarasi yeyote.

Mwenye kitabu cha bajeti cha kaunti yake atuwekee hapa mistari miwili: maegesho na kodi ya ardhi, lengo na kilichopatikana, kwa miaka 3. Ndugu wa Lodwar, hata ya kwenu niko radhi kuiona, hata kama ni kidogo.