Kufunga kruzi kontroli kwenye Ipsum ya 1998: seti ipi, na waya zinaungwa wapi?

NjiaYaMasaka:
Habari za humu ndugu zangu. Gari ni Toyota Ipsum ya 1998, injini 3S-FE, gia otomatiki ya hatua nne. Pedali ya mafuta bado inavuta waya, si ya umeme. Halikutoka kiwandani na kruzi (kifaa cha kushika mwendo bila kukanyaga mafuta), nami nataka kuifunga kwa safari za Mbarara na Gulu. Maswali yangu:

1. Kisekka, soko la spea la Kampala, kuna seti ya vakyumu iliyong'olewa kwenye gari lingine. Naweza pia kuagiza seti mpya ya mota ya umeme. Nichukue ipi?
2. Ishara ya mwendo naipata wapi?
3. Taa zote za breki nimeshaweka za LED. Nasikia zinasumbua kruzi. Kweli?
4. Kuna fundi anashauri nifunge mkono wa breki ya baiskeli, ushikilie waya wa mafuta pale ninapotaka, yaishe. Mnasemaje?

Umeme_wa_Gari:
Naanza na la nne, maana hilo lina hatari. Mkono wa baiskeli haushiki mwendo, unashika mafuta. Tambarare utaenda 80, ukiteremka unajikuta 110, ukipanda gari linakufa nguvu. Baya zaidi, ukikanyaga breki mafuta hayaachii: breki inashindana na injini. Kruzi ya kweli kazi yake kubwa ni kuachia. Kushika mwendo ni sehemu rahisi, hata sakiti ya bei poa inaweza. Kwa hiyo fundi yeyote atakayekufungia, mwulize kwanza inaachia kwa njia ngapi. Akisema moja, tafuta mwingine.

Swali la kwanza: chukua ya umeme. Ya vakyumu inategemea mvuto wa hewa kwenye manifoldi (bomba la kuingizia hewa kwenye injini), na mvuto huo unapungua kadiri throto, kile kilango cha hewa cha injini, inavyofunguka, yaani mlimani, pale pale unapouhitaji. Kampala tuko kama mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, Kabale karibu 2,000, na hewa ikishakuwa nyepesi hata ule mvuto wa kuanzia ni mdogo. Wanaofunga ya vakyumu huongeza kopo la akiba lenye vali ya kuzuia hewa isirudi, lakini mlima mrefu unalimaliza. Tena hiyo ya Kisekka diaframu yake ya mpira ina umri wa gari lilikotoka. Ikipasuka, injini inavuta hewa ya ziada na silensa (mizunguko ya injini bila kukanyaga mafuta) inaanza kupanda na kushuka.

Seti mpya inakuja na mota yenye kompyuta yake ndani, waya wa kuvuta throto, vishikizo, na swichi zake za kubandika karibu na usukani. Hiyo ya mwisho ni faida kubwa: huna haja ya kufungua usukani wala kugusa eabegi.

Swali la pili. Ipsum ina sensa ya mwendo kwenye giaboksi, lakini usiunge kule chini kwenye matope. Ishara hiyo hiyo inapita kwenye dashibodi kisha inaingia kwenye kompyuta ya injini, kwenye pini inayoandikwa SPD. Unga hapo, ndani ya gari. Usiamini rangi ya waya, pima:

- Piga jeki gurudumu moja la mbele, weka stendi, kabari gurudumu la nyuma, gia iwe N, swichi ON bila kuwasha injini.
- Weka mita kwenye volti za DC, ncha nyeusi kwenye bodi, nyekundu kwenye waya unaoushuku.
- Zungusha gurudumu kwa mkono taratibu. Waya sahihi unaruka kutoka karibu sifuri hadi volti 5 au zaidi, unarudi, unaruka tena.

Toyota za enzi hiyo kwa kawaida hutoa mipigo minne kwa kila mzunguko wa kebo ya zamani ya spidi, na kebo hiyo ilizunguka mara 637 kwa kilomita. Hiyo ni mipigo 2,548 kwa kilomita. Kwa tairi la kawaida la Ipsum, ukizungusha gurudumu moja tu huku la pili limesimama, hesabu mipigo kama mitano kwa mizunguko miwili. Ukipata hivyo, ndio wenyewe. Seti nyingi za Marekani huhesabu kwa maili, na 2,548 kwa kilomita ni kama 4,100 kwa maili, basi weka vijiswichi kwenye 4,000. Ukiweka 8,000 kruzi itadhani unakwenda nusu ya mwendo wako halisi, na itakataa kushika hadi uwe mbio sana.

SpanaKumi:
Umeme_wa_Gari kamaliza ya waya, mimi naongeza ya chuma, kwa sababu wengi huharibu hapa.

Mota ifungwe mbali na manifoldi ya egzosi na mahali pasipopigwa maji ya matairi. Waya wake usipindwe kona kali: duara lisiwe dogo kuliko sahani kubwa ya chakula. Ukipinda zaidi, waya unasuguana ndani ya gamba lake, na siku moja mafuta yanachelewa kurudi. Ukipita ukuta wa injini, tia raba kwenye tundu. Bati likikata gamba, maji yanaingia na kutu inafuata.

Kwenye throto usiunge juu ya waya wa pedali. Kila mmoja uwe na mahali pake, ili kruzi ikivuta waya wa pedali ulegee tu, na ukikanyaga pedali ule wa kruzi nao ulegee. Ndiyo maana seti inakuja na kamnyororo ka shanga: kanavuta, hakasukumi. Throto ikiwa imefungwa kabisa, acha ulegevu wa milimita moja hadi mbili. Ukikaza sana throto haifungi hadi mwisho na silensa inapanda. Ukilegeza sana, mota inavuta ulegevu kwanza halafu inashtuka, na gari linaenda kwa kuvutavuta.

Majaribio kabla ya kutoka garaji: injini imezimwa, mtu akanyage pedali hadi chini na kuachia ghafla, mara kumi hivi, wewe ukiangalia throto. Lazima ipige kwenye kizuizi chake kila mara. Halafu geuza usukani kona zote mbili huku injini inaunguruma, maana injini ikijitikisa kwenye raba zake inaweza kuvuta waya ulio mfupi. Mizunguko ya silensa iwe ile ile kama ulivyochomoa kamnyororo. Ikitofautiana hata kidogo, hujamaliza.

NjiaYaMasaka:
Nimewapata vizuri, asanteni. Bado la LED. Na waya wa tako, ule wa ishara ya mizunguko ya injini, naunga wapi?

Umeme_wa_Gari:
Ni kweli zinasumbua. Seti hizi zina waya mbili za breki. Mmoja unaungwa upande wa swichi ya pedali wenye umeme muda wote, huo ndio unaolisha klachi ya umeme iliyo ndani ya mota. Wa pili unaungwa upande unaokwenda kwenye taa. Ukiwa hujakanyaga, huo wa pili unatafuta ardhi (upande hasi, yaani bodi) kupitia uzi wa balbu. Balbu ya uzi ina ukinzani mdogo sana, kwa hiyo kompyuta inaona ardhi na inakubali kufanya kazi. LED haipitishi hivyo, kruzi inadhani waya umekatika, inagoma. Si ubovu, ndivyo ilivyopangwa: taa zikiungua zote au fyuzi ya breki ikikatika, kruzi haishiki.

Mafundi wengi hutatua kwa relei ya miguu mitano, wanailetea kruzi ardhi ya bandia. Inafanya kazi, lakini mimi siipendi. Koili ya relei ikifa, kruzi inaendelea kuona ardhi hata ukikanyaga breki, na njia moja ya kuachia imekwisha. Rudisha balbu za uzi za wati 21 nyuma, pande zote mbili ili taa zifanane. Ile ya tatu ya kwenye kioo ibaki LED.

Swichi ya breki yenyewe irekebishe iwashe taa pedali ikishuka milimita 5 hadi 10. Ikichelewa zaidi, unakuwa umeshaanza kusimama huku kruzi inaongeza mafuta.

Tako: kwenye Toyota za miaka hiyo kuna kisanduku cha uchunguzi chini ya boneti chenye maandishi ndani ya kifuniko. Tundu la IG- ndilo lenye ishara ya mizunguko ya injini. Usichimbe waya za koili. Kwa otomatiki wengine huuacha waya huo, wewe uunge. Ukigonga gia ikaingia N ukiwa 90, injini inapaa, na kruzi ikiona mizunguko inaruka ghafla inaachia yenyewe. Hiyo ni njia ya pili. Ya tatu ni swichi yako ya kuzimia, iweke mkono uifikie bila kutafuta.

Viungo vyote solda na mpira wa kubana kwa joto. Solatepu peke yake kwenye joto la chini ya dashibodi inayeyuka gundi ndani ya miezi.

Dada_RAV:
Samahani kudandia. Mimi nina RAV4 ya 2006, injini 2AZ-FE, pedali ya umeme. Nami ninahitaji mota hiyo yote?

Umeme_wa_Gari:
Hapana dada, usinunue mota. Gari lako kompyuta ya injini inaendesha throto yenyewe, na mara nyingi kruzi tayari imo, inakosa kijiti cha swichi tu. Kinachotumika sana ni chenye namba 84632-34011. Kabla ya kutoa hela, jaribu hivi: fungua kava la plastiki la chini ya usukani, tafuta waya mbili za kruzi kwenye plagi ya spairali ya usukani (utepe wa waya unaojikunja usukani ukizunguka), swichi ON, uziguse pamoja sekunde moja. Kubonyeza ON-OFF kwenye kijiti ni kuzigusanisha tu, hakuna uchawi. Taa ya CRUISE ikiwaka kwenye dashibodi, umebakiza kijiti. Waya zikikosekana kwenye plagi, utahitaji spairali yenye pini hizo au kuvuta waya hadi kwenye kompyuta. Plagi ya njano usiiguse, ni ya eabegi.

Kwenye kufunga, chomoa kichwa hasi cha betri na usubiri angalau sekunde 90 kabla ya kulegeza eabegi. Skrubu zake zipo pembeni mwa usukani, bisibisi ya nyota T30.

Kijiti cha mtumba kipime kabla ya kulipa. RES ni omu 240, SET 630, CANCEL 1,540, ON-OFF karibu sifuri, bila kuguswa 10,000 kwenda juu. Kikisoma 400 kwenye RES, vigusio vimechafuka ndani, na kompyuta itachanganya vitufe.

Ikishika kisha ikaachia yenyewe na taa ikawa inameta, angalia kwanza swichi ya breki. Ya kwako inapaswa kuwa ya pini nne, saketi mbili, na kompyuta inazilinganisha. Ya pini mbili haitoshi.

Konda_Mstaafu:
Kwani hii si ndiyo ile spidi gavana ya mataxi?

SpanaKumi:
Sivyo mzee. Gavana inakukataza kupita kiwango, mguu bado wako. Kruzi inashika mwendo uliouchagua na haikukatazi kuongeza. Na kama gari lina gavana iliyopigwa lakiri, usiunge kruzi kwenye waya zake, utavunja lakiri na ukaguzi utakukuta.

Kabale_Baridi:
NjiaYaMasaka, ukimaliza usiende kujaribu Jinja Road kwenye malori. Barabara ya haraka ya Entebbe inafaa zaidi, haina matuta wala boda za kukatiza. Seti nyingi hazishiki chini ya kilomita 45 hivi kwa saa, kwa hiyo usishangae ikikataa mjini. Shika 70 kwanza. Gari likivutavuta mbele na nyuma, punguza kijiswichi cha ukali (jinsi kruzi inavyojibu kwa haraka) kwa hatua moja, lakini hakikisha kwanza ulegevu wa kamnyororo. Likizama kilomita kumi mlimani kabla ya kuamka, ongeza hatua moja. Badilisha kimoja kwa wakati mmoja, la sivyo hutajua kipi kimetibu.

Kwenye vilima vya kwetu zima O/D (ovadraivu, ile hatua ya nne ya gia). Kwenye hatua ya nne kruzi inaongeza mafuta, gia inashuka, mwendo unapita, mafuta yanapungua, gia inapanda, mchezo unaanza upya, na mafuta ya giaboksi yanachemka bure. Mvua ikianza au lami ikiisha, zima kruzi. Tairi likielea kwenye maji, kruzi inaweza kuona mwendo umepungua na kuongeza mafuta wakati ungetaka kuyatoa.

NjiaYaMasaka:
Balbu za wati 21 nimeshazitafuta, zipo. Umeme_wa_Gari, fyuzi ya kulisha seti niweke ya ngapi?

Umeme_wa_Gari:
Soma karatasi ya seti yako, lakini nyingi zinataka ampea 5 hadi 10. Chukua umeme unaozimika na funguo, si wa betri moja kwa moja, na fyuzi ikae karibu na unapouchukulia.