Mnalima au mnapanda miti na rafiki? Urafiki huvunjikia wapi? Tupeane uzoefu

Mlima Viazi, Umalila

Wakuu, salaam. Mvua za kwanza zikishanyesha huku kwetu, marafiki wanaanza kutafutana: "Tuchukue ekari moja, tugawane nusu kwa nusu." Ikifika Machi hawasalimiani tena. Naomba tujaze uzi huu kwa mambo ya hakika: hesabu, hatua, mahali penyewe panapoharibika. Majina ya watu tuyaache.

Naanza na viazi mviringo. Ekari moja inakula mbegu gunia 8 hadi 10 za kilo 100, mbolea ya DAP mifuko 2 hadi 3 ya kilo 50, na dawa ya ukungu kila baada ya siku 7 mvua ikikaza. Majani yakishafunga, dawa hiyo ni pampu 10 hadi 12 za lita 16 kwa mzunguko mmoja. Kwa kawaida mmoja yuko mjini anatuma pesa, mwingine yuko shambani. Ugomvi wa kwanza huwa wa dawa. Wa mjini akichelewesha pesa siku nne tu, ukungu hauwasubiri. Madoa ya kahawia yanaanza kwenye ncha za majani, chini ya jani unaona utando mweupe asubuhi, na ndani ya wiki shamba zima linanuka kama mboga iliyooza. Hapo kila mmoja anayo hoja: "Ulichelewa kutuma," "Hukupiga vizuri."

Marafiki wanakubaliana kugawana faida. Hasara hawaitaji, wanaona ni kujitakia mkosi. Itajeni. Fungueni daftari lenye safu tatu: pesa, vitu, na siku za kazi. Siku ya kazi ipewe bei ya kibarua wa kijijini kwenu, na bei hiyo iandikwe kabla jembe halijagusa ardhi.

Mfano: wa mjini ametoa 900,000. Wa shambani ametoa 300,000 na siku 60 za kazi. Kibarua akiwa 7,000 kwa siku, kazi yake ni 420,000, kwa hiyo ameweka jumla 720,000. Uwiano wao ni 5 kwa 4, si nusu kwa nusu. Bei ikianguka mkauza kwa 1,170,000 tu, wa mjini anachukua 650,000 na wa shambani 520,000. Mmoja kapoteza 250,000, mwenzake 200,000. Bila daftari, wa mjini atasema yeye kapoteza pesa na mwenzake kapoteza jasho tu. Neno hilo ndilo linaloua urafiki, hata kama deni lote limeshalipwa.

Na siku ya kuchimba wote wawili muwepo. Mnunuzi akija na lumbesa, gunia lenye shingo ya kamba juu, hesabu ya gunia inapungua wakati viazi ni vilevile. Sheria ya vipimo inataka gunia lisizidi kilo 100. Asiyekuwepo ataambiwa "zimetoka gunia 41", atakumbuka yeye alitarajia 60, na hataamini kamwe.

Kamwene, Kilolo

Mkuu umefungua vizuri. Viazi ni miezi mitatu hadi minne, mkikosana mnapona haraka. Shida kubwa iko kwenye miti, maana mnafunga urafiki kwa miaka 15 au zaidi, na hakuna anayejua atakuwa wapi.

Niseme la msingi kwanza. Huku kwetu kupanda miti ya kudumu kwenye ardhi ya mtu ni kudai ardhi ile. Ndiyo maana wazee hukubali mgeni alime mahindi miaka kumi, ila akileta miche tu wanamzuia. Sasa rafiki mwenye ardhi ya ukoo anapomkaribisha rafiki mwenye pesa, watoto wa ukoo wanaanza kuhesabu. Kwa hiyo maandishi yatenganishe vitu viwili: ardhi ni ya nani, miti ni ya nani. Yaseme mwenye pesa anatoka lini, na kama anaruhusiwa kupanda tena baada ya kuvuna.

Kwenye mipaini mambo ni mepesi, ukikata kisiki kimekufa. Kwenye milingoti (mikaratusi) hapana, kisiki kinachipua. Mkiandika "tutagawana miti ikivunwa", mzao wa kwanza mtagawana kwa amani, kisha mwaka unaofuata chipukizi zimejaa na kila mmoja anasema ni zake. Nimeona hili ndilo watu wanalisahau kuliko yote.

Gharama zenyewe: kwa nafasi ya mita 3 kwa 3, ekari inachukua miche kama 440 hadi 450. Ongezeni ya kurudishia, maana mingine itakufa. Palizi inahitajika miaka miwili mitatu ya mwanzo, angalau kisahani cha mita moja kuzunguka kila mche. Kupogoa kunaanza kati ya mwaka wa 3 na wa 5. Halafu barabara ya moto, yaani ukanda uliofyekwa kuzuia moto, upana wa mita 10 ikiwezekana, inasafishwa kila mwaka kabla ya Agosti. Hapo ndipo urafiki unapopimwa, maana mwaka wa kwanza wote wanakuja na panga, mwaka wa sita anakuja mmoja. Moto wa Septemba au Oktoba, wa mtu anayeandaa shamba au anayerina asali, ukipita kwenye majani yasiyofyekwa, miaka sita imekwisha mchana mmoja.

Andikeni hivi: asiyelipa sehemu yake ya barabara ya moto kwa mwaka husika, mwenzake analipa, na kiasi hicho kinaingia kwenye daftari kama mtaji wa aliyelipa. Msiandike "atanyang'anywa fungu". Adhabu kali hakuna rafiki anayethubutu kuitekeleza, kwa hiyo haitatekelezwa, na kinyongo kitabaki palepale.

Dada wa Mwanjelwa

Jamani, naomba niongeze kwenye udhamini, maana kina mama ndiko tunakopotezea mashoga.

Kwenye VICOBA, vikundi vyetu vya kuweka na kukopa, watu hugawanywa vikundi vidogo vya watano watano, wanadhaminiana. Kosa la kawaida: marafiki watano wa biashara moja wanakaa kundi moja. Wote wanauza viazi, au wote nyanya. Bei ikianguka wanaanguka wote wiki moja, na hakuna wa kumbeba mwenzake. Changanyeni. Mmoja wa mitumba, mmoja wa maziwa, mmoja mwenye mshahara, mmoja wa mkaa, mmoja wa mazao. Urafiki usiwe kigezo cha kuingia kundi la watano. Rafiki yako akae kundi la jirani, mtaendelea kunywa chai bila kudaiana.

Sanduku liwe na kufuli tatu, funguo kwa watu watatu wa mitaa tofauti, na mwenye sanduku asiwe na ufunguo hata mmoja. Fedha zihesabiwe kwa sauti, noti zikiwa juu ya kitambaa katikati ya duara, na kila mwanachama akumbuke salio la mwisho kwa kichwa. Likifunguliwa wiki ijayo, salio linatajwa kabla ya kuhesabu. Hapo hakuna anayesingiziwa.

Mikopo ya kausha damu, ile ya mtaani yenye riba kubwa, ni habari nyingine kabisa. Shoga akikuomba uweke saini ya udhamini, uliza vitu vinne: mkopo ni kiasi gani, rejesho la siku au wiki ni shilingi ngapi, mpaka lini, na vitu gani vyako vimeorodheshwa. Mara nyingi karatasi inataja kochi, televisheni na friji la nyumbani kwako, na mume hajui. Kama unaweza kumpa theluthi ya anachotaka bila kukuumiza, mpe hiyo na ukatae saini. Atanuna wiki mbili. Saini ikiharibika, mtanuniana maisha.

Mlima Viazi, Umalila

Ndaga fijo (asante sana), dada. Na deni la mkononi je, lisilo na kikundi?

Karani Mstaafu, Njombe

Deni la mkononi liandikwe hata kama ni laki moja: tarehe, kiasi kwa tarakimu na kwa maneno, siku ya kulipa, saini mbili na shahidi mmoja kila upande. Ujumbe wa muamala wa simu unaonyesha pesa zimetumwa, hauonyeshi kama ni mkopo, zawadi au malipo ya kitu. Mtumie rafiki ujumbe kabla ya kutuma pesa: "Nakukopesha 300,000, utarudisha tarehe 30 Juni," naye ajibu. Jibu lake ndilo lenye uzito.

Madai ya mkataba yana ukomo wa miaka 6 tangu siku ilipopaswa kulipwa. Wengi wanaona haya kumdai rafiki, wanangoja, mwaka wa saba wanaenda mahakamani na kuambiwa muda umepita. Usipotaka kushtaki, mwombe tu aandike na kusaini upya kwamba deni bado lipo. Akikiri kwa maandishi ndani ya muda, hesabu inaanza upya. Kwa ardhi ukomo ni miaka 12.

Mzee wa Tukuyu

Wanangu, mnasema mambo ya daftari, nami nawaletea ya zamani ya Rungwe, kwa sababu yanahusu hesabu hiyohiyo.

Wanyakyusa walijenga vijiji kwa rika. Wavulana wa miaka 10 au 11 walitoka kwa baba zao wakajenga vibanda vyao pembeni, wakaishi na marika yao, na kijiji kile kilikua nao mpaka uzeeni. Chakula walikula kwa mama zao, lakini kwa kundi: leo kwa mama wa huyu, kesho kwa mama wa yule. Maisha hayo ya kukaa pamoja, kula pamoja na kuzungumza pamoja yaliitwa ukwangala. Watafiti Godfrey na Monica Wilson waliyaandika walipokaa huku miaka ya 1930.

Tusiwaone kama watu wasiogombana. Aliyekula peke yake, au aliyekuwa na ng'ombe wengi na kuwanyima wenzake nyama, alisemwa, na akiugua watu walisema ni pumzi ya wanakijiji imempata. Aliyeshutumiwa uchawi aliweza kuhamia kijiji kingine akapokelewa. Hilo ndilo nataka mlione: ukaribu ulikuwa mkubwa, na njia ya kuondoka ilikuwepo na ilijulikana. Mikataba yenu ya miti ina njia ya kuingia tu.

Reli ya Uhuru, Makambako

Mzee, shikamoo. Upande wa siasa mfano wetu unapita hapahapa stesheni. Nyerere na Kaunda wa Zambia walikuwa marafiki wa kweli, na bado TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia, haikujengwa kwa kuaminiana mdomoni. Mkopo wa China usio na riba uliwekewa mkataba wa kurejeshwa kwa miaka mingi, na reli ya kilomita 1,860 ikawa mali ya nchi mbili nusu kwa nusu.

Kisha ukaja mtihani. Oktoba 1978 mbolea ya Zambia ilikuwa imekwama bandarini Dar es Salaam na msimu wa mahindi unaingia. Kaunda akafungua tena njia ya kusini kupitia Rhodesia ya walowezi (Zimbabwe ya leo), utawala uleule ambao marafiki hawa walikuwa wanapambana nao. Nyerere hakufurahia. Lakini reli iliendelea kuwa yao wote wawili, kwa sababu umiliki haukutegemea nani amemuudhi nani mwaka ule.

Mwalimu wa Fasihi, Iringa

Nami kwa kifupi. Hadithi ya kima na papa, ambayo Edward Steere aliichapa mwaka 1870, wengi tunaifundisha kama hadithi ya ujanja wa kima. Mimi huwaambia wanafunzi wamtazame papa. Alikula makuyu ya kima siku nyingi, akamwalika kwao, na ukweli kwamba sultani anahitaji moyo wa kima aliusema. Tatizo ni mahali alipousemea: katikati ya maji, kima hawezi tena kushuka. Rafiki anayetaja masharti mbegu zikiwa tayari ardhini anafanya kilekile.

Binti Mufindi

Swali kwa Kamwene. Mmoja akifariki miti ikiwa na miaka 9, inakuwaje? Na mmoja akitaka kutoka?

Kamwene, Kilolo

Dada, akifariki fungu lake ni mirathi, halimwendei rafiki. Ukoo unakaa kikao, unapendekeza msimamizi, mnakwenda Mahakama ya Mwanzo na muhtasari, mahakama inamteua. Mpaka hapo usiuze hata fito moja, wala usimkabidhi pesa kaka wa marehemu kwa sababu analia. Ili kuepusha vurugu, siku ya kusaini mkataba wawepo wenza wa pande zote na mtoto mkubwa mmoja kila upande, majirani wa pande nne, na mtendaji wa kijiji na muhuri wake. Nakala tatu: mbili zenu, moja ofisi ya kijiji.

Akitaka kutoka, hesabuni miti iliyosimama, iteni wanunuzi watatu kwa siku tofauti, chukueni bei ya katikati. Anayebaki apewe nafasi ya kwanza kununua, siku 90, kwa awamu akihitaji. Mkishindwana, Baraza la Kata siku hizi linasuluhisha tu. Ndani ya siku 30 lisipofanikiwa, mnaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Hilo nalo liandikwe kwenye mkataba, mtu asije akasema hakujua.

Binti Mufindi

Kamwene, ahsante. Na zile chipukizi za milingoti?

Kamwene, Kilolo

Amueni kabla ya msumeno kuingia. Kama mzao wa pili ni wa wote, yule anayebaki shambani arudi chipukizi zikifika urefu wa mtu, aache mbili kila kisiki, zilizonyooka na zilizoshika chini kabisa, nyingine aziondoe kwa panga kali. Siku hizo za kazi ziingie kwenye daftari kwa bei ya kibarua ya mwaka huo, si ya mwaka mliopanda.